Harusi Zilizoachwa Sinza

Jumatatu, 4 Machi

Fredrick amefunga studio. Leo nimemkuta pale Sinza anabandua bango mwenyewe, amevaa kandambili, misumari mdomoni. Anasema watu siku hizi wanapigana picha kwa simu na harusi inakuwa mtandaoni kabla keki haijaliwa. Nilimfanyia kazi ya kubeba kamera miaka minane, na sikumwonea huruma hata kidogo. Harusi nyingi nilizopiga mimi nilikula mwisho, nimesimama, wali umeshapoa.

Nilichofuata ni diski. Ana boksi zima la video za harusi ambazo wenyewe hawakuja kuzichukua. Ndoa nyingine zilivunjika kabla video haijakatwa. Nyingine ndugu waligombana kwenye kamati, kila upande ukasema upande mwingine ndio ukachukue. Fredrick alitaka kuzifuta zote, diski akaziuze Manzese. Nikamwambia anipe mimi, nitengeneze filamu ya harusi isiyo na bwana wala bibi harusi.

"Adelard," akasema, "wewe ungeoa tu, haya mambo yangekwisha."

Boksi liko hapa chini ya kitanda changu, Kimara.

Jumamosi, 9 Machi

Mvua ya kwanza ya masika. Chumba changu cha uani kwa dada Koku kinavuja palepale kilipovuja mwaka jana. Nimehamishia kompyuta kwenye kona ya mlango.

Niandike hapa ninavyofanya kazi, maana Noela ataniuliza tena. Noela ndiye anayechagua filamu za tamasha la mwezi wa tano, na ndiye mtu pekee katika mji huu anayesikiliza mpaka mwisho ninapozungumza. Naitazama harusi nzima. Nachukua vile vipande ambavyo hakuna anayevitazama: mpishi anajipepea kwa mfuniko, mtoto kalala juu ya viti viwili, shangazi anafungasha keki kwenye pochi. Maharusi nawakata wote. Nikishapata vipande vyangu, harusi iliyobaki naifuta moja kwa moja, isirudi. Hiyo ndiyo kanuni, na ninaijivunia. Mtu anayejua anaweza kurudi nyuma hachagui kwa dhati, anaokota tu. Nilipomwambia Noela hivyo aliweka kalamu chini akasema hajasikia msanii akizungumza kwa uaminifu hivyo mwaka huu.

Jumanne, 12 Machi

Mvua. Nimefuta harusi tatu.

Jumapili, 17 Machi

Leo ni harusi ya Temeke. Alipiga Jonas, kijana aliyechukua nafasi yangu kwa Fredrick, na Jonas hajui hata kusimama. Bibi harusi anapakwa hina na hafungi mdomo. Anamtania kungwi, anamtania mama yake, anamtania Jonas mwenyewe. Kila kipande kizuri yeye yumo, anaongea. Nimemkata.

Lakini kuna mahali Jonas aliiweka kamera dirishani bila kuizima akaenda kula. Kamera ikabaki inatazama uani: beseni kubwa, povu, mikono ya mwanamke inasuuza sahani moja baada ya nyingine. Uso wake hauonekani. Sauti ya bibi harusi inatoka chumbani, nyuma ya kamera:

"Mama nawe, acha kulia, utanilowesha hina. Kwani nimekufa? Naolewa tu, naenda Mbagala. Ukinimisi panda gari uje."

Na mama mtu anacheka huku analia.

Nimeacha kipande chote jinsi kilivyo, sahani na sauti. Mara ya kwanza filamu yangu imepumua. Kisha nikafuta harusi yote iliyobaki, kama kawaida.

Jumatatu, 25 Machi

Filamu imekwisha. Nimeiita *Walioalikwa*. Dada Koku ameitazama yote akiwa amesimama, anasahihisha madaftari ya wanafunzi wake.

"Sasa aliyeolewa ni nani?"

"Hakuna, dada."

"Na hawa wote wamekuja kula kwa nani?"

Nimeituma kwa Noela jioni hii, umeme ukiwa bado upo.

Ijumaa Kuu, 29 Machi

Noela amepiga simu. Filamu imechukuliwa, na ndiyo itakayofunga tamasha. Anasema kile kipande cha sahani amekirudia mara nyingi na bado kinamtisha. Nilitoka nje nikasimama kwenye mvua bila sababu. Miaka minane nimepiga watu wanaolishana keki, na leo kuna mtu ameona.

Jumatano, 3 Aprili

Fredrick kampa namba yangu mama mmoja wa Temeke anayetafuta video ya harusi ya mwanawe. Nilimwambia angeniuliza kwanza. Akasema, "Nikuulize nini, si wewe uliyezichukua?"

Jumamosi, 6 Aprili

Nimechoka, lakini niandike.

Walikuja saa tisa, yule mama wa Temeke na binti yake mdogo, Hija, wote wamelowa chapachapa, na wote wamefunga. Mama anaitwa Bi Chausiku. Mwanamke mnene wa umri wa dada Koku au zaidi kidogo, sauti ya chini. Nilimwamkia, akaitikia, akakataa kiti mpaka dada Koku alipomtandikia kanga juu yake, maana alisema atakilowesha.

Video ile iliagizwa na upande wa mwanamume, ndiyo maana ikapigwa na studio ya Sinza. Ndoa haikumaliza mwaka. Farida, bibi harusi mwenyewe, akarudi kwao, na baada ya hapo nani alikuwa na hamu ya kutazama harusi? Kisha Farida akaugua, na mwezi wa kumi na moja wakamzika.

"Picha zake ninazo," Bi Chausiku akasema. "Nyingi tu. Ila picha haisemi. Mwanangu alikuwa msemaji, wewe. Nyumba imenyamaza mpaka naogopa. Mie sitaki hiyo sherehe yao. Nataka nimsikie tu."

Nilijua tangu aliposema Temeke. Nikamwambia nimeifuta.

Hakuelewa. Hija ndiye aliyeelewa. "Umefuta harusi ya mtu? Ilikuwa inakuzuia nini?"

Nikaanza kueleza kanuni yangu. Maneno ni yaleyale ninayomwambia Noela, lakini mbele ya yule binti yalinikauka mdomoni. Dada Koku alikuwa mlangoni, akainamisha uso. Nikasema harakaharaka kwamba kuna kipande kimoja kimebaki, haonekani, lakini anasikika. Nikakifungua.

Bi Chausiku alitazama zile sahani akiwa haelewi kwa nini anaonyeshwa sahani. Kisha Farida akasema, *Mama nawe, acha kulia.* Mama akashika ukingo wa meza yangu. Farida akaendelea mpaka mwisho. Mama wa kwenye video akacheka, na huyu wa hapa akawa ameziba mdomo kwa kiganja.

"Rudisha," akasema. Nikarudisha. Mara ya pili alikuwa anatikisa kichwa kama anayebishana naye. Nilimtazama, na nikaona aibu kwamba machozi yale mimi niliyaita sauti nzuri.

Alipotulia akaniuliza nani mwingine ameisikia. Nikasema mimi na dada.

"Basi nakuomba, mwanangu, ibaki kwangu. Yeye keshafika kwa Mola wake, ana sitara yake. Watu wasiomjua wasikie 'kwani nimekufa', si watacheka? Nisingependa wacheke."

Nikamwambia sawa. Nilikiweka kipande kwenye simu yake, Hija akimwelekeza pa kubonyeza. Kisha, kwa kuwa alikuwa ananitazama, nikaifuta filamu nzima kwenye kompyuta, mbele ya macho yake, na kwenye diski pia. "Imekwisha, mama," nikasema. Akaniombea dua, amenyanyua mikono yote miwili, kwa muda mrefu. Dada Koku aliwasihi wabaki wafuturu hapa, wakasema Temeke ni mbali na maji yanapanda.

Sikusema neno lolote kuhusu Noela. Yeye anayo filamu nzima tangu Machi. Kesho nitamwandikia akitoe kile kipande.

Jumapili, 7 Aprili

Sijamwandikia Noela. Mvua kutwa.

Jumatatu, 8 Aprili

Umeme hakuna.

Jumatano, 10 Aprili

Idd. Hija amekuja na hotipoti ya pilau, kutoka Temeke mpaka Kimara, sketi imejaa tope hadi magotini. Nilimwambia asingejisumbua. Akasema ni amri ya mama, na mama sasa analala. Kila siku baada ya swala ya isha anamsikiliza Farida mara moja, kisha simu inafungiwa kabatini.

"Hajui kubonyeza, mie ndo namwashiaga. Mtu mwingine hagusi." Kisha akasema, bila kunitazama, "Siku ile nilikukasirikia. Nisamehe, kaka."

Pilau ilikuwa nzuri na nimeshindwa kuimaliza.

Jumamosi, 13 Aprili

Nimemwandikia Noela barua pepe. Fupi, ya adabu. Sijaituma.

Jumatano, 17 Aprili

Jangwani pamejaa maji, mabasi ya mwendokasi yamesimama, mji umekatika vipande viwili. Barua ipo.

Ijumaa, 19 Aprili

Barua ipo.

Jumatatu, 22 Aprili

"Umeshamwambia yule msichana wa tamasha?" dada Koku ameniuliza, tukiwa tunakinga maji na ndoo.

Nikamwambia yeye ni mwalimu, hajui kazi hizi. Filamu ile ikitolewa sahani inabaki rundo la watoto waliolala kwenye viti. Tena ya kwangu nimeshaifuta, ile ya Noela ndiyo pekee iliyobaki duniani. Kule ukumbini watakaa watu mia, watu wa sanaa, wageni, hakuna hata mmoja anayetoka Temeke. Bi Chausiku hatajua na hataumia. Nani atakuwa amekosewa?

"Mimi sikuuliza hayo yote," akasema. "Nimeuliza umeshamwambia?"

Nilimjibu vibaya. Akachukua ndoo yake akaenda kumwaga. Ninakaa kwake bure na bado namjibu vibaya, na yeye ananiwekea chakula.

Alhamisi, 25 Aprili

Mvua.

Jumapili, 28 Aprili

Noela amepiga. Ratiba inakwenda kuchapwa kesho, kuna chochote cha kubadilisha? Alikuwa na haraka, nyuma yake watu wanaongea.

Nikasema hakuna.

Niliisikia sauti yangu na ilikuwa imetulia kabisa, kama ya mtu anayesema hahitaji sukari. Baadaye nimeifuta ile barua. Haikuwa na kazi tena.

Jumamosi, 4 Mei

Ukumbi ulijaa. Mvua iliacha kunyesha jioni, watu wakasema ni bahati yangu. Nilikaa nyuma. Walitulia kwa wapishi, wakatulia kwa watoto. Kisha zikaja sahani. Farida akasema, *Kwani nimekufa? Naolewa tu, naenda Mbagala,* na ukumbi mzima ukacheka. Hawakuwa wabaya. Walicheka kwa kumpenda, kama mtu yeyote angecheka. Mimi mwenyewe nilicheka Machi.

Baadaye walinishika mikono. Mzungu mmoja mwenye kofia aliniuliza yule mwanamke wa sauti ni mwigizaji? Nikasema sijui ni nani. Noela akanikumbatia na kusema ninyi wanaume wa Bukoba mna kiburi lakini mnaweza. Nilikuwa namwona Noela kama mtu anayeona ndani ya kazi. Leo nimeona kwamba hajawahi kuniuliza hata siku moja hawa watu ni akina nani. Lakini mimi niliyejua ndiye niliyesema hakuna cha kubadilisha.

Jumatatu, 6 Mei

Watu wa tamasha wamekirusha kipande cha sahani kwenye ukurasa wao. Hawakuniuliza. Nilimpigia Noela, akafikiri nimepiga kushukuru. "Umeona watu walivyokipokea?" Chini yake watu wamejaza vikatuni vya kucheka mpaka machozi. *Bibi harusi kiboko. Ukinimisi panda gari uje, hahaha.* Kuna aliyekiweka kwenye video ya mbwa wake.

Nilimwambia akitoe. Akauliza kwa nini. Nikamweleza, safari hii yote. Akasema, "Adelard, haya uniambie leo?" Wamekitoa baada ya saa moja, lakini kilikuwa kimeshasambaa.

Alhamisi, 9 Mei

Bi Chausiku amenipigia asubuhi kwa simu ya jirani. Nilijua sauti yake, nikasubiri anitukane.

Alikuwa analia. Jirani kamwonyesha kwenye kundi la WhatsApp. Sahani zilezile, maneno yaleyale, na watu wanacheka. "Wewe ulifuta nikikuona kwa macho yangu," akasema. "Haikubaki popote ila kwangu. Na simu yangu anayeigusa ni mmoja tu."

Sikuelewa mara moja.

"Hija amekana, mwanangu. Ameapa. Nikamwambia unaapa uongo juu ya dada yako aliye kaburini? Nimemwambia atoke. Yuko kwa baba yake mdogo, na huko nako wameshamsema. Sasa nakuuliza wewe msomi, hii kitu inaweza ikatoka yenyewe kwenye simu? Niambie kama inaweza, nimrudishe."

Aliniwekea njia. Ningesema inaweza, na mambo yangeishia hapo. Nikasema, "Mama, nitakuja." Akasema nimwombee.

Ijumaa, 10 Mei

Sikwenda. Mvua haikuwa kubwa kihivyo.

Jumamosi, 11 Mei

Dada Koku alinigongea asubuhi, kavaa viatu vya mvua, kashika mwavuli. Alinipa ule mwavuli.

Nyumba ya Bi Chausiku iko nyuma ya msikiti, uani kuna beseni ambalo nililijua nilipoliona. Alikuwa peke yake sebuleni, chini kwenye mkeka, anachambua mchele kwenye ungo. Nikamwamkia. Akaitikia akanionyesha pa kukaa. Nikasema kabla sijakaa, maana nilijua nikikaa nitapewa chai.

Nikamwambia Hija hana kosa. Filamu ilikuwa imeshatumwa kwa watu wa tamasha kabla yeye hajaja kwangu. Siku ile nilifuta mbele yake nikijua nyingine iko kwao. Nilikuwa na mwezi mzima wa kuizuia, na waliniuliza kwa mdomo kama kuna cha kubadilisha, nikasema hakuna.

Aliendelea kuchambua. Akatoa kijiwe, akakiweka pembeni.

"Uliniambia imekwisha."

"Ndiyo, mama."

"Nikakuombea."

"Ndiyo."

"Mtoto nikamtuma na pilau."

Akasukuma ungo, akafungua ncha ya kanga akatoa simu, akanipa. "Nitafutie Hija. Mwambie mama yake anamwita."

Niliona jina nikapiga, nikaweka sauti ya nje. Iliita mpaka ikakata. Nikapiga tena, ikaita mpaka ikakata.

"Nifungulie Farida," akasema.

Nikafungua. Sahani, povu, mikono. *Mama nawe, acha kulia.* Safari hii hakutikisa kichwa wala hakuziba mdomo. Alisikiliza kama mtu anayesikiliza redio ya jirani. Ilipokwisha akasema, "Nilikuwa namsikia yeye peke yake. Sasa nawasikia na wale wanaocheka. Futa."

"Mama, ndiyo pekee uliyonayo."

"Wanayo mji mzima. Mie ndiye nisiyekuwa nayo. Futa, si unajua."

Nilimsihi. Nilimwambia atakuja kuitaka, mwakani, mwaka wa kesho kutwa. Nilisema kila kitu ambacho ningepaswa kujiambia mwezi wa tatu. Hakubishana nami. Alikaa na mikono yake mapajani, ina vumbi la mchele, ananisubiri. Simu ikaniuliza kama nina hakika, nikabonyeza ndiyo. Akainama kutazama kioo, akataka nimwonyeshe mahali ilipokuwa, nikamwonyesha.

Nilidhani sasa atanifukuza, na ningeshukuru. Akavuta ungo wake karibu akaendelea na mchele.

"Mpigie tena Hija," akasema.

Nikapiga. Iliita mpaka ikakata. Akaniambia nipige tena.